Mashine ya Pamba Kwenye Orodha ya Kabula

Mama yake Kabula amelazwa, leo siku ya tisa, na anachokitaka hakiuzwi duka la dawa. Anamtaka Mhoja, mwanaye wa mwisho. Daktari ameshatuambia moyo wa mama umechoka, tumpe anachopenda na tusimpe presha. Tumpe tutamtoa wapi? Hatujui hata yuko mkoa gani. Alikuwa anabisha hodi kwa njia yake, miezi mitatu mfululizo, na aliyemfungia mlango ni mimi hapa. Nitaeleza nilivyomfungia. Ukitaka kunitukana, subiri nimalize.

Naitwa Milembe, fundi cherehani, Somanda hapa Bariadi. Fremu yangu imepakana na ya Kabula, katikati kuna ukuta wa tofali moja, akikohoa namwambia pole. Yeye ana kibanda cha gemu: televisheni tatu, mabenchi, padi zilizofungwa gundi ya karatasi, na kelele za goli toka asubuhi. Watu walimcheka, mwanamke mzima kufungua kibanda cha gemu. Waache wacheke. Ndoa ilimshinda, akarudi na begi moja na mtoto mgongoni, angekula vicheko vyao? Mhoja ndiye aliyempa wazo, akamfundisha kila kitu, wakaanza wote wawili.

Sasa hao ndugu, jamani, sijaona watu wenye viburi kama wale. Wakigombana hawasemeshani wiki nzima na wako chumba kimoja. "Da Milembe, mwambie huyo anipishe nipite." Mimi nakanyaga cherehani huku, niwe tena mkalimani wa watu wanaoongea Kisukuma kimoja! Nilikuwa nawafokea wote wawili, hawasikii.

Ila walikuwa na namna yao ya kupatana. Magemu wananunua mtandaoni, na kwenye lile duka la mtandaoni kuna sehemu ya kuweka gemu unalolitaka lakini hujalinunua, likae pale likusubiri. Kabula anaiita orodha ya tamaa. Wakishagombana, Mhoja anaingia kwenye simu yake, kwa akaunti ileile ya kibanda, anaweka gemu moja kwenye orodha. Kabula akiliacha, yameisha, jioni utawaona wanakula ugali sahani moja. Akilifuta, bado amekasirika, na Mhoja anajua asimsogelee. Hakuna samahani, hakuna nini. Niliyaona hayo kwa macho yangu zaidi ya mara moja, nikacheka, nikasahau. Hilo la kusahau ndilo linaloniua sasa.

Gemu alilokuwa analiweka Mhoja mara nyingi ni la kulima. Yaani unaendesha trekta, unapanda, unavuna. Mama yao siku moja alikuja kutoka kijijini Shishiyu, Mhoja akamwonyesha kile kipande cha video wanachokiweka ili uone gemu lilivyo. Mle ndani kuna mashine kubwa ya kijani inapita shambani inavuna pamba yenyewe. Mama alishika mdomo. Yule mama amechuma pamba kwa vidole tangu hajavunja ungo, kucha zake zote zimechanika na vitumba vikavu. Akasema, "Irudishe tena." Aliiangalia mara nne. Mhoja akamwahidi atamnunulia, aendeshe mwenyewe kwa padi, akiwa amekaa, amejisetiri na khanga yake. Kabula akagoma. "Nani atalipa jero aje alime hapa, wakati kwao kuna jembe la bure?" Tulicheka sana siku ile.

Halafu mwaka juzi, mwezi wa saba, Mhoja aliachiwa kibanda akaenda mnadani kuangalia ng'ombe. Ng'ombe wenyewe si wake, basi tu, kupenda kuangalia. Kurudi, televisheni moja haipo na mashine yake ya gemu haipo. Kabula alimpasukia mbele ya wateja. Mimi niliyasikia maneno yote kupitia ukutani. La mwisho lilikuwa, "Toka, na usirudi mpaka nikuite." Mhoja akachukua begi. Tulidhani ameenda Shishiyu kwa mama. Hakufika.

Namba yake ikawa haipatikani. Kabula alimtafuta mpaka Mwanhuzi kwa mjomba wao, akaenda Lamadi, akaenda Kahama kwa sababu mtu alisema amemwona mtu. Alitangaza redioni. Alikonda mpaka gauni nililomshonea Pasaka nikalipunguza mara mbili. Ukimtaja Mhoja anainuka anaenda kufagia pasipo na uchafu.

Mwaka jana, mvua za kwanza zinaanza, ndipo orodha ya tamaa ikaanza kumsumbua. Wateja wake wamezoea kubonyeza hovyo. Mtu akisubiri zamu yake anaingia dukani anajiwekea magemu ya vita, ya mieleka, ya kucheza muziki, kama yupo kwenye harusi anajipakulia pilau. Kwa hiyo kila Jumatatu asubuhi, kabla ya kufungua, Kabula anaketi anasafisha orodha. Anafuta vyote visivyo vyake. Ni kama kufagia.

Lakini lile gemu la kulima likawa haliishi. Analifuta Jumatatu, Jumatano limerudi. Analifuta, linarudi. Alifoka na wateja wote: "Anayeniwekea trekta humu nitamkata vidole!" Wanaapa si wao, na kweli, vijana wa mjini waache mpira wakalime? Kulitokea msiba mtaani tukafunga siku tatu, hakuna aliyegusa mashine. Tulipofungua, trekta lipo.

Unajua, siku ile Kabula hakufoka. Alishika padi akaliangalia lile gemu. Akaniambia, "Da Milembe, hii kitu inanitia mawazo." Na mimi, mdomo wangu huu, badala ya kumuuliza mawazo gani, nikaropoka. Nilikuwa nimetoka kusikia redioni habari za wezi wa akaunti. Nikamwambia, "Umeingiliwa. Kuna mwizi humo ndani anachezea vitu vyako, kesho atakuhamisha wewe mwenyewe. Badilisha neno la siri, fukuza kila mtu!"

Alisitasita. Nikamsukuma. Nilimsukuma kweli, haki ya Mungu, kwa vile napenda nionekane najua.

Simu yake ilikuwa imedumbukia kwenye ndoo ya kufulia, anatumia kitochi. Kwa hiyo tukatumia simu yangu, tukaandika na namba yangu, tukafanyia juu ya meza yangu ya kukatia vitambaa. Tukalifuta trekta, tukaweka neno jipya. Chini pakaandikwa: toa vifaa vyote vilivyoingia. Nikabonyeza mimi. Nilijisikia mwanamke wa maana.

Kesho yake, Ijumaa, nashona sare za shule, simu inalia. "Kuna mtu anajaribu kuingia kwenye akaunti yako. Je, ni wewe?" Chini kuna Ndiyo na Hapana. Nikabonyeza Hapana, nikaendelea na pindo. Ikalia tena. Hapana. Ikalia mara saba siku ile, na mara zote saba nikabonyeza Hapana bila kuacha kukanyaga cherehani. Nikagonga ukuta: "Kabula! Mwizi wako ameumbuka leo!" Akaja anacheka, ameninunulia soda ya baridi. Tukanywa. Simu haikulia tena. Jumatatu orodha ilikuwa nyeupe, na Jumatano ikabaki nyeupe.

Ilipita miezi miwili. Mama akaanza kuvimba miguu kule Shishiyu, Kabula akamleta mjini. Siku ya kwanza hospitali walituambia turudi kesho yake asubuhi, kwa hiyo mchana mama alikaa kibandani, kwenye benchi la mbele, miguu juu ya ndoo. Niliingia kumsalimia. "Mwadila, mayu." Akaitikia, akanishika mkono, akawa anaangalia televisheni. Kabula alikuwa anafuta vumbi kwenye padi.

Mama akasema, "Ile mashine ya pamba ya Mhoja siioni."

Kabula akasema, "Haipo, mayu. Niliifuta."

"Uliifuta tena?" Mama akacheka kidogo, pumzi fupi. "Aliniambia siku ile aliponionyesha, kwamba utaifuta. Alisema, mama, Kabula akifuta nitaweka, akifuta nitaweka, mpaka siku atakayoiacha. Siku akiiacha ujue ameniita."

Padi ilimdondoka Kabula. Haikuvunjika, ilibingirika tu mpaka kwenye miguu yangu. Sikuinama kuiokota.

Kabula alihesabu kwa vidole, wiki moja moja, midomo inacheza. Wiki kumi na nne. Mara kumi na nne ndugu yake alikuja mlangoni akasema, dada, yameisha? Mara kumi na nne akajibiwa hapana, toka. Na mara ya mwisho akakuta kitasa kimebadilishwa.

Kabula alinivuta mpaka nje, kucha zimeniingia mkononi. "Zile meseji za Ijumaa. Ziliandika anajaribu kutoka wapi?"

Ziliandika. Nakumbuka kulikuwa na mstari mdogo chini, jina la mji. Sikuusoma. Nilikuwa na pindo la sketi. Na nilishazifuta zote, simu ilikuwa imejaa.

"Da Milembe. Jaribu kukumbuka."

"Sikusoma, Kabula."

"Herufi ya kwanza tu."

"Sikusoma, mdogo wangu. Sikusoma."

Angenipiga ningeshukuru. Alikaa chini, kwenye vumbi, na sketi yake nzuri niliyomshonea mwenyewe, akashika kichwa.

Tulijaribu kila kitu. Tulirudisha neno la siri la zamani ili akijaribu afunguliwe. Duka likakataa, eti neno hilo lilishatumika. Tukaandikia wenye duka, tukajibiwa na mashine kwa Kiingereza, inatushukuru kwa kuwa wateja wazuri. Tukapiga namba ya Mhoja tukijua haipatikani, tukaambiwa haipatikani. Kabula akaliweka lile gemu kwenye orodha kwa mkono wake mwenyewe, akaliacha. Lipo mpaka leo. Jumatatu hasafishi tena, wateja wamejaza takataka za kila aina, vita na mieleka na nini, na trekta liko katikati. Lakini analiona nani? Aliyetakiwa kuliona yuko nje, na mimi ndiye niliyemtoa.

Simu yangu siku hizi naiweka juu ya cherehani, sauti mpaka mwisho. Nimeacha hata kuizima kanisani, mchungaji amenikanya. Naisubiri iulize tena, je, ni wewe? Jana ililia nikaruka mpaka sindano ikanichoma; ilikuwa mtandao wa simu unanitangazia bando.

Leo alasiri tulienda wodini na uji. Mama amelegea, maneno yanatoka moja moja. Kabula akaomba simu yangu, akamtafutia ile video, akamshikia karibu na macho. Mashine ya kijani ikapita, pamba ikaingia yote, shamba likabaki safi nyuma yake. Mama aliangalia mpaka mwisho. Vidole vyake juu ya shuka vilikuwa vinachuma.

"Wabeja," akashukuru. Halafu akamtazama Kabula. "Umeiacha?"

"Nimeiacha, mayu."

Uso wa mama ulifunguka wote. "Basi ameona. Amesemaje? Anakuja lini?"

 Kabula aligeuza shingo polepole akanitazama mimi, na mama naye akageuza macho akanitazama mimi, wote wawili wananingoja niseme.