Pembe za Fahali wa Uhuru

Siku yangu ya kwanza katika kitengo cha filamu, Musoma, nilisugua lenzi, kile kioo cha mbele ya kamera, mpaka Mkuu wa Kitengo akanishika mkono. "Kijana, utaitoboa." Kazi ile sikuisomea popote. Nilijifunza kwa kufungua kamera mbovu na kuifunga tena, na kila siku niliogopa kwamba mtu angenigundua.

Miaka ya Ujamaa tulitumwa Bunda kutengeneza filamu ya jinsi watu wa Nyasura walivyosherehekea Uhuru. Siku yenyewe hakuna aliyekuwa na kamera, kwa hiyo ilibidi waigize. Mzee Magesa, aliyetoa fahali wake wa pekee kwa karamu ile, alinishika bega. "Mwanangu, mimi sikuwa na cheo wala hotuba. Nilikuwa na fahali. Mumwonyeshe vizuri."

Fahali alishaliwa zamani. Mkuu akaazima wa jirani, Mzee Mafuru.

"Mkuu, si huyu," nilisema.

"Ng'ombe ni ng'ombe. Filamu yenyewe nyeusi na nyeupe."

Mkuu alikuwa mtu wa pwani. Hakujua kwamba huku kwetu ng'ombe wa jirani unamjua kama unavyomjua shemeji yako.

Tukaunganisha vipande, yaani kukata ukanda wa filamu na kuugundisha kwa gundi. Kabla ya kuupeleka Butiama, kijijini kwa Rais, tukauonyesha Nyasura kwenye shuka jeupe. Fahali alipotokea tu:

"We! Si yule wa Mafuru?"

"Aliliwa Uhuru? Mbona leo asubuhi alikuwa kwenye mihogo yangu!"

"Basi amefufuka!"

Watu walicheka mpaka wakagaagaa. Mafuru akasimama kupokea pongezi. Mzee Magesa hakucheka. Alikwenda mbele ya projekta, akasimama kwenye mwanga, akainua mikono. Kivuli chake kikamfunika fahali wa Mafuru.

"Yangu ilikuwaga hivi!" Akapinda viganja kuonyesha pembe. "Nani alikula hapa na amesahau?"

Kicheko kikakatika. Bibi mmoja akajibu, "Mimi nilikula paja, Magesa. Zilikuwaga hivyo hivyo."

"Mwondoe," Mkuu akaninong'oneza. Mimi, niliyezoea kusimamisha filamu kwa chembe ya vumbi, nilishindwa kunyanyuka.

Asubuhi nikampiga Magesa filamu zizini kwake, mikono juu, nikamkata fahali wa Mafuru kutoka kwenye ukanda. Mkuu akatazama.

"Na ng'ombe yuko wapi?"

"Ameliwa, mkuu."

Akaufungia ukanda koponi. "Haya, ipeleke hivyo."

Butiama walipiga makofi. Mafuru hakunisalimia mpaka fahali wake alipokufa.

Sasa nimestaafu, naishi Makoko, hapa hapa Musoma. Vijana wa kamera huniuliza ukweli wa zamani unanaswaje. Huwapeleka Nyasura. Wajukuu wa Magesa huinua mikono kuonyesha pembe za fahali wa Uhuru, na kila mwaka mikono inazidi kutanuka. Juzi mmoja alimchoma mwenzake jicho. Ukanda ule ninao. Ningeweza kuwapimia upana aliouonyesha babu yao. Naufuta vumbi, naurudisha kabatini.