Saruji ya Baba

Grizel Strachan alikuwa na miaka sitini na tisa alipopanda jukwaa la mbao kwenye ukuta wa kaskazini wa ngome ya Balkerran, nyundo mkononi, akaanza kubomoa kazi ya marehemu babake. Kijiji kizima tulitoka kutazama. Mimi jirani yake wa geti la chini nilidhani amerukwa na akili.

Ukoo wa Strachan umekaa humo zaidi ya miaka mia nne. Mmoja wao aliwazuia askari wa mfalme mlangoni majira mazima ya baridi. Mwingine aliyanywa mashamba yote kwa wiski, ikabaki ngome na bustani ya kabichi. Lakini aliyeiumiza kuliko wote alikuwa mtu mpole, hakunywa wala hakupigana. Ni baba yake Grizel, aliyezivika kuta saruji mwaka aliozaliwa Hector, mdogo wake Grizel, ili mtoto asipigwe na baridi. Enzi hizo saruji ndiyo ilikuwa maendeleo, na wenye ngome wengi kwetu walifanya vivyo hivyo. Kumbe ukuta wa mawe na chokaa unahitaji kupumua. Ukiuziba, mvua inayopenya kwenye nyufa hukosa pa kutokea, ikaja ndani. Hector alikulia chumba cha kaskazini akikohoa, blanketi limelowa kila asubuhi.

Alipokua alikimbilia Edinburgh, na ngome akaichukia. Walikuwa wameirithi wote wawili, naye alishapata watu wa kuinunua waifanye hoteli. Grizel hakuwa na mume wala mtoto. Aliniambia kwamba wakimtoa humo atakufa, nami nilijua hatanii.

Hector alifika akakuta saruji inaporomoka.

"Dada, hiyo ni kazi ya mikono ya baba."

"Naijua. Mimi ndiye niliyemchotea maji."

"Alifanya kwa ajili yangu."

"Na ikakukohoza utoto wako wote. Nilimpenda baba, na alikosea. Sogea, usije ukaangukiwa."

Hector akatoa sharti. Baridi ikiisha atarudi kulala chumba kile. Akiamka na blanketi limelowa, wote wawili watasaini kuuza. Akiamka na blanketi kavu, hatalitaja tena neno hoteli. Grizel alikubali bila hata kugeuka.

Saruji ikishatoka, ukuta huvikwa chokaa, na chokaa ya ngome haipakwi, hurushwa kwa mwiko wa mwashi kwa nguvu ya kiwiko mpaka ing'ang'anie jiwe. Alirusha kiangazi chote, nywele zikawa nyeupe zaidi ya zilivyokuwa. Wanaume wa baa walimzomea kwamba anagombana na maiti. Akawajibu kwamba maiti wake angalau anamsikiliza, wao wake zao waliacha kuwasikiliza zamani. Nilicheka, na kesho yake nikaenda na ndoo yangu. Akaniambia narusha kama nalisha kuku. Nilikasirika, lakini nikabaki, nikajifunza.

Jalidi, ile baridi inayogandisha umande, likaja mapema, na chokaa mbichi ikishikwa na jalidi hubomoka yote. Magunia ya kuifunika hayakutosha. Grizel aliingia ukumbini akayashusha mapazia ya mahameli, fahari ya ukoo mzima, akayatundika nje ukutani. Nikamwambia yataharibika.

"Yamening'inia bure muda mrefu," akasema. "Nayo yafanye kazi."

Baridi ilipoisha Hector alirudi, baada ya wiki nzima ya mvua. Akapanda kulala chumba kile. Asubuhi Grizel alikoroga uji wa shayiri wenye chumvi mpaka ukaanza kuungua, wala hakuutoa jikoni. Nilikuwa sijawahi kumwona akiogopa, na sikupenda kumwona hivyo.

Hector alishuka jua limeshapanda, blanketi mabegani. Akalivua, akaliweka mikononi mwa dadake. Grizel akaligusisha shavuni, akafumba macho. Lilikuwa kavu.

"Sijakohoa hata mara moja," Hector akasema, na machozi yakamtoka mtu mzima yule. "Maskini baba. Alinitakia joto tu."

Nilitegemea Grizel atamkumbatia. Alimpakulia uji.

"Kula," akasema. "Ukuta wa kusini bado una saruji yake, na nyundo ya pili iko nyuma ya mlango."

Hector akaula uji wote, ulioungua na usioungua, kisha akaenda nyuma ya mlango.