Mujibu Aliyebaki Likumbini

Alhamisi hiyo Sadallah alikuwa kwenye mikorosho ya mama yake, nje kidogo ya mji wa Newala, mashine ya kupulizia salfa mgongoni, uso umemgeuka njano kama aliyejipaka liwa. Kelele za mashine zilimzuia kusikia simu. Alipoizima na kujifuta macho akakuta Nickson amepiga mara sita.

Nickson alikuwa wakala wake, mtu wa Dar es Salaam mwenye maneno mengi na subira kidogo.

"Kaka, wanakutaka," alisema. "Omani. Wale uliocheza dhidi yao ule mwaka. Kocha anakukumbuka. Msimu mmoja, na ukimaliza wanakusomesha kozi ya ukocha hapo hapo."

Sadallah akakaa chini kwenye majani makavu. Alikuwa na miaka thelathini na nne. Goti la kulia lilikuwa likilia kila alipochuchumaa. Mkataba aliuhitaji, lakini kozi aliihitaji zaidi, maana beki aliyezunguka nchi tano bila cheti chochote akirudi nyumbani ni mkulima wa korosho kama wengine, tena mkulima aliyechelewa kuanza.

"Dirisha la usajili linafungwa lini?"

"Jumatano. Na tatizo ni lile lile, kaka. Majina."

Sadallah alijua ni lile lile kabla hajaambiwa.

Pale Masasi na Newala vijana walimwita Paspoti. Hawakumwita hivyo kwa heshima tu, kulikuwa na utani ndani yake. Alikuwa beki wa kushoto wa kazi ngumu, mtu wa kukaba na kurudi, ambaye magazeti humtaja anapopewa kadi. Alianzia Nampula, Msumbiji, ambako Emakhuwa yake, lugha ya Wamakua, ilimfanya apendwe na wauza mihogo kabla ya kupendwa na kocha. Akaenda Malawi, akapigwa na baridi ya Blantyre. Akaenda Zambia, kwenye mji wa migodi, akakaa benchi miezi saba nyuma ya kijana aliyekuwa shemeji wa kapteni. Akaenda Komoro. Akaenda Omani daraja la pili, wakifanya mazoezi jua likishazama kwa sababu ya joto. Miaka kumi na tatu, na kila mahali ilikuwa timu ndogo.

Si kwamba timu kubwa hazikumtaka. Mbili zilimtaka. Ya Afrika Kusini ilimfanyia majaribio, ikamkubali, ikamweka hotelini wiki sita akisubiri hati ya uhamisho, kisha ikamkatia tiketi ya kurudi. Ya pili ilikuwa Zambia, na hiyo haikufika hata hotelini. Timu ndogo hazikuchungulia, lakini kwa kubwa kila mara mtu alifungua mtandao wa usajili wa wachezaji na kukuta watu wawili. Wa kwanza alikuwa Mujibu Hamisi, aliyezaliwa mwaka 1990, aliyecheza misimu miwili timu moja ya mkoa wa Mtwara kisha akatoweka. Wa pili alikuwa Sadallah Hamisi, aliyezaliwa 1991, aliyezuka Nampula bila historia. Sura ilikuwa moja. Mtu wa mpira akiona hivyo anafikiria jambo moja tu, kwamba huyu ameiba umri.

Hakuwa ameiba kitu. Alipokuwa darasa la nne alipelekwa jandoni, kama watoto wote wa kiume wa huku. Aliingia likumbini, kibanda cha jando porini, akiwa Mujibu. Siku ya kutoka walinyolewa, wakaogeshwa, wakavishwa nguo mpya. Kibanda kikachomwa moto nyuma yao, nao wakaondoka bila kugeuza shingo. Jina la utoto liliachwa humo ndani. Mjomba wake, Mzee Chilumba, alimpa jina la babu, Sadallah, na tangu siku hiyo kumwita Mujibu ilikuwa ni kumtukana. Hata mama yake, Mwanaisha, hakulitamka tena.

Ila daftari la shule halikwenda jandoni. Mwalimu mkuu alimwita mzazi aje kubadilisha, na mjomba ndiye aliyepaswa kwenda. Hakwenda, kwa sababu ili jina libadilishwe ni lazima kwanza litajwe. Basi cheti cha darasa la saba kikatoka na jina la Mujibu, na ile timu ya mkoa ikamsajili kwa cheti hicho. Baadaye alipotafuta pasipoti, mama yake alishughulikia cheti cha kuzaliwa kwa jina la Sadallah, na karani akakadiria mwaka.

Lakini kosa la mwisho lilikuwa lake mwenyewe. Katibu wa timu ya Nampula alimuuliza, kalamu mkononi: "Umewahi kusajiliwa popote?" Sadallah akasema hapana. Hakuona kuwa anadanganya. Aliyesajiliwa kule alikuwa Mujibu.

Ijumaa alipanda basi hadi Masasi kwa wakili Perpetua, mwanamke kutoka Bukoba aliyekuwa na ofisi ya chumba kimoja karibu na stendi. Perpetua alisoma vyeti vyote viwili, akavua miwani.

"Shirikisho la mpira wanataka kiapo cha mzee wa ukoo," alisema. "Aliyekujua kwa jina la kwanza na la pili. Aape kuwa ni mtu mmoja. Kwani ni kazi? Dakika kumi."

"Ni kazi, dada."

"Baba yupo?"

"Amefariki. Yupo mjomba."

"Mlete Jumatatu."

Sadallah akacheka kidogo, kicheko cha mtu aliyekosa penalti. Mjomba alikuwa likumbini. Ilikuwa msimu wa jando, na Mzee Chilumba ndiye aliyekuwa mkuu wa kambi mwaka huo, ana watoto thelathini. Hatoki humo mpaka siku ya kuwatoa, na siku hiyo ilikuwa Alhamisi iliyofuata, siku moja baada ya dirisha kufungwa.

Alijaribu wazee wengine wa ukoo. Wa kwanza alimwambia, "Hilo ni la mjomba wako." Wa pili alimwambia hivyo hivyo, ila akamkaribisha mbaazi.

Jumamosi asubuhi aliingia porini. Alisimama mbali akajitambulisha kwa sauti kama inavyotakiwa, mpaka akaruhusiwa. Moshi ulikuwa ukitoka kibandani, na watoto walikuwa upande wa pili wakiimba wimbo ambao yeye mwenyewe aliufahamu mpaka mwisho. Mzee Chilumba alikuwa kwenye kigogo, akichonga fimbo.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Nasikia unapulizia salfa bila kufunga pua. Huko Uarabuni hawakukufundisha?"

Sadallah alieleza yote kwa sauti ya chini: Omani, kozi, kiapo, Jumatano. Mzee alisikiliza bila kuacha kuchonga.

"Dirisha la Jumatano," alisema mwishoni. "Likifungwa halifunguliwi?"

"Mpaka Januari, mjomba. Na Januari watakuwa wameshapata mwingine."

"Hao Waarabu hawawezi kungoja siku moja?"

"Si Waarabu, mjomba. Ni mtandao. Mtandao haungoji."

"Mimi nakaa hapa nawaambia watoto hawa kwamba yule waliyeingia naye hatatoka. Kisha nitoke mimi nikaseme mjini kwamba yule wa kwako yupo hai, anacheza mpira?"

"Mjomba, ni karatasi tu."

"Karatasi tu." Mzee akaangalia ncha ya fimbo. "Wewe kule kwa wakili, ulilitaja?"

Sadallah alikumbuka alivyomsogezea Perpetua cheti cha darasa la saba na kuweka kidole juu ya jina.

"Nilimwonyesha."

"Hujalitaja."

"Sijalitaja."

"Haya. Umri huo, pasipoti imejaa mihuri, hujaweza. Mimi niweze nikiwa ndani ya likumbi." Akaendelea kuchonga. "Alhamisi tunachoma. Ijumaa nitakuja."

"Ijumaa itakuwa imepita."

"Ijumaa nitakuja," alisema Mzee Chilumba, na Sadallah akajua mazungumzo yamekwisha.

Mkewe, Somoe, ndiye aliyesema mama aende. "Baba Faudhia, yeye ndiye aliyekuzaa. Nani anakujua kuliko yeye?" Mwanaisha aliposikia habari ya kozi alikubali mara moja, bila kuuliza zaidi. Jumatatu akavaa kanga mpya, wakapanda basi la kwanza.

Perpetua alimkalisha kwenye kiti chenye mto.

"Mama, huyu ni nani wako?"

"Mwanangu."

"Anaitwa nani?"

"Sadallah."

"Kabla ya hapo aliitwa nani?"

Mwanaisha akaangalia ukuta, palipokuwa na kalenda ya duka la pembejeo.

"Mama?"

"Alikuwa mwanangu tu."

"Jina, mama yangu. Lipo hapa, nimeliona, lakini kiapo ni chako si changu."

"Andika wewe. Mimi nitaweka dole."

"Basi nitakusomea, wewe useme ndiyo."

"Ukilisoma, mwanangu, mimi nitakuwa nimeshatoka nje."

Perpetua alimgeukia Sadallah kama mtu anayeomba tafsiri, na hakuwa na ubaya moyoni, alikuwa hajaona kitu kama hicho. Sadallah akasema, "Mama, liseme tu. Mimi nimekuruhusu." Sauti yake ilipanda zaidi ya alivyotaka. Mama akamtazama, na macho yake yalikuwa yamejaa machozi.

"Siku uliyoingia kule nililia, wakaniambia nisilie, atakayerudi ni mwingine. Nikampokea huyo mwingine. Leo nikitaja lile, nimekuvua nguo mbele ya mtu. Siwezi, baba. Nimejaribu tangu tupo kwenye basi. Siwezi."

Wakatoka. Stendini kijana wa bodaboda akapaza sauti, "Paspoti, safari ya wapi tena?" Sadallah alipita kama hakusikia. Ndani ya basi mama yake alimshikia begi mapajani njia nzima, na yeye akaangalia barabara kwa hasira ambayo hakujua aielekeze kwa nani. Kwa mama haikuwezekana. Kwa mjomba ilikuwa nusu nusu. Iliyobaki ilikuwa inarudi kwa yule kijana wa Nampula aliyesema hapana kwa urahisi vile.

Jumanne alimpigia Nickson mara nne kuomba njia nyingine. Hapakuwa na nyingine. Jumatano akapulizia salfa kuanzia asubuhi, mti baada ya mti, hata ile aliyokwisha kuipulizia. Saa kumi jioni simu ikaingiza ujumbe. *Limefungwa kaka. Wamechukua beki wa Sudan. Pole.* Akausoma, akairudisha simu mfukoni, akamalizia mstari.

Alhamisi moshi wa likumbi ulionekana kutoka shambani. Vigelegele vilifuata, na ngoma, na watoto thelathini walipitishwa barabarani na miavuli mipya, vichwa vinang'aa, hakuna aliyegeuza shingo. Sadallah alisimama pembeni pamoja na wanaume wengine. Alijaribu kufurahi, ikashindikana.

Ijumaa alfajiri Mzee Chilumba alikuwa mlangoni kwake, kanzu imepigwa pasi, fimbo mpya mkononi.

"Twende."

"Mjomba, lilifungwa juzi."

"Umeshaniambia litafungwa. Mimi nilikuambia nitakuja."

"Tutakwenda bure."

"Tutakwenda," alisema mzee.

Kule Masasi, Perpetua aliwaona wakiingia, akafungua kinywa kusema kitu kuhusu tarehe, kisha akakifunga na kuchukua fomu.

"Mzee, huyu ni nani wako?"

"Mpwa wangu. Mtoto wa dada yangu."

"Anaitwa nani?"

"Sadallah Hamisi. Jina hilo nilimpa mimi."

"Na kabla ya hapo?"

Mzee Chilumba aliweka fimbo chini, taratibu, kama anayeweka kitu kinachoweza kuvunjika. Akapangusa midomo. Hakumwangalia wakili, alimwangalia Sadallah.

"Mujibu," alisema.

"Naam," alisema Sadallah.

Ilimtoka kabla hajafikiri, kwa sauti ndogo, ile ya mtoto anayeitwa kutoka uani. Miaka ishirini na tatu hakuna wa nyumbani aliyemwita hivyo, na bado aliitika. Mzee aliinama kuokota fimbo yake, akachukua muda mrefu kuinuka. Perpetua aliandika, akagonga muhuri, akasukuma karatasi mbele yao. Ilikuwa safi, haina kasoro hata moja, karatasi ambayo miaka kumi iliyopita ingemfikisha mbali.

"Ungekuja zamani, mjomba," alisema Sadallah walipokuwa wakisubiri basi.

"Uliniomba lini zamani?"

Sadallah akafikiri. Hakuwahi. Alikuwa amehangaika na mawakala, makatibu na watu wa mashirikisho wa nchi tano, kila mmoja akiambiwa hadithi nusu, ila mjomba hakuwahi kumwomba mpaka Jumamosi ile. Hilo lilimuudhi kuliko yote.

Simu ikalia. Nickson.

"Kaka, kuna kijana ameniambia Malawi wanatafuta beki Januari. Timu ndogo. Hawana kozi wala nini. Nitume jina? Na utakuwa na miaka mingapi hapo?"

"Nani," alisema Sadallah, "mimi au Mujibu?"

Mzee Chilumba, pale kwenye benchi, aligeuza uso upande wa pili.

"Kaka, sijakuelewa."

"Tuma majina yote mawili," alisema Sadallah. "Sasa nina karatasi."