Ng'ombe Kumi na Tisa wa Shangazi

Nilisomea uchumi wa kilimo miaka mitatu hapa Dodoma, na kitu cha kwanza nilichofanya na elimu hiyo ni kumfukarisha shangazi yangu. Sikufanya kwa ubaya. Nilifanya kwa kishikwambi, kwa posho ya siku, na kwa uaminifu mkubwa.

Mradi wenyewe ulikuwa mzuri. Nasema hivyo bila kejeli, maana kejeli nitaihitaji mbele. Wafadhili walitaka kuchimba bwawa katika kijiji kimoja cha Chamwino, ukishapita Buigiri, kijiji alikozaliwa baba yangu na ambako dada yake anaishi mpaka leo. Kando ya bwawa yangekatwa mashamba madogo ya umwagiliaji, robo eka kila moja, yagawiwe kaya maskini. Shangazi ni mjane, nyonga inamsumbua, na analea wajukuu wawili. Shamba lake la uwele liko mbali, na mvua za kwetu huja zikijisikia. Robo eka ya bwawani ingekuwa karibu na mlango wake, hata kwa mwendo wake wa fimbo. Alikitaka kile kipande kuliko nilivyowahi kumwona akitaka kitu chochote. Alikuwa ameshaamua atapanda nini kwenye kila tuta.

Lakini maskini ni nani? Ili tumjue, sisi wadadisi tulifungiwa siku nne katika ukumbi wa hoteli mjini, tukanywa chai kwa sambusa, na mshauri mwelekezi akatufundisha kumtambua. Watu wanadanganya kuhusu mifugo, alisema. Ukimuuliza mtu ana ng'ombe wangapi, atakwambia hana hata mkia. Kwa hiyo mdadisi haulizi. Anafika alfajiri, kabla mifugo haijaenda malishoni, anahesabu walio zizini, anaandika. Wakifika kumi, kaya hiyo si maskini. Wote tuliandika hayo kwenye madaftari tuliyopewa bure. Mimi nilipigia na mstari.

Nilipaswa kunyoosha mkono. Mimi ni Mgogo, na kwetu mwenye ng'ombe wengi hawalazi zizi moja. Huwagawa, hawa kwa rafiki huyu, wale kwa yule, ili ukame, maradhi, wezi na wakwe wasiwakute wote mahali pamoja. Anayetunza hunywa maziwa na kuchukua samadi, na akitunza vizuri hupewa ndama. Wa nani ni wa nani halitangazwi. Basi zizi lililojaa linaweza kuwa la mtu asiye na kitu, na zizi tupu likawa la tajiri wa kijiji. Hayo niliyajua kabla sijajua kusoma. Chuoni somo hilo liliitwa kutawanya hatari, nami nikapata A kwa kutoa mfano wa hisa na hatifungani.

Wiki moja kabla ya zoezi, shangazi alinipigia simu.

"Nasikia mnakuja kuhesabu."

"Ndiyo, shangazi."

"Kwangu usije asubuhi, mwanangu. Njoo mchana. Nitakuchinjia kuku, na mlenda upo."

Nilichokisikia mimi ni kuku. Nikaona ndugu ameanza kunilainisha, nikajisikia msafi kama sahani ya mgeni. Nikamjibu kwa sauti ya ofisini kwamba utaratibu ni mmoja kwa kaya zote. Akaniuliza kama nakula vizuri huko mjini.

Siku ya siku, jua likichungulia, tulianza na jirani yake, mzee aliyekuwa rafiki wa marehemu mume wa shangazi. Zizini kwake mlikuwa na mbuzi mmoja mwenye mafua. Nikaandika sifuri kwenye safu ya ng'ombe. Kisha tukavuka kwenda kwa shangazi, mimi na msimamizi wetu, ambaye alikuwa akitazama saa tangu tuliposhuka kwenye gari.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Nilikwambia mchana."

"Ni utaratibu, shangazi."

"Haya. Hesabu, basi."

Walikuwa kumi na tisa, wanono, na wote, kama ukoo wetu ulivyojua bila kusema, ni wa yule mzee mwenye mbuzi wa mafua. Hapo ndipo kuku wa mchana aliponieleza maana yake: mchana zizi lingekuwa tupu. Nilimsogelea shangazi nikamnong'oneza kwa Kigogo aseme tu kwamba hawa si wake.

"Mwenyewe aliponikabidhi ng'ombe, nilimkabidhi mdomo wangu," alisema. "Wewe ndiye msomi. Andika unavyojua."

Nilijua. Na kwenye kishikwambi palikuwa na nafasi ya maoni. Msimamizi akasema nyuma yangu kwamba maoni yanachelewesha, na bado kaya sita kabla jua halijapanda. Nikaandika 19. Naona aibu mpaka leo, na aibu hiyo haina safu ya kuijaza.

Orodha ilisomwa kwenye mkutano wa kijiji. Mzee wa mbuzi alikuwa miongoni mwa maskini wa mwanzo kabisa. Shangazi alisomwa kuwa mfugaji mkubwa, na idadi ya ng'ombe ikatajwa kwa kipaza sauti. Mtendaji akauliza kama kuna pingamizi. Hakuna aliyecheka na hakuna aliyepinga, maana kupinga ni kulifungua zizi la mwenzako hadharani. Watu walitazama viatu vyao. Taarifa ya mradi iliandika kwamba wananchi waliridhia kwa kauli moja.

Yule mzee hakulala vizuri baada ya hapo. Si kwa sababu ya robo eka. Hiyo aliipokea kwa mikono miwili, na sioni nani angeikataa. Alichoogopa ni karatasi. Alimfuata shangazi, akakaa kwenye kigoda, akasema kwa heshima zote: "Shemeji, wewe nakuamini. Lakini serikali imeshaandika kwamba ni wako. Nikifa kesho, wanangu wataonyesha nini?" Kesho yake akawahamisha wote kumi na tisa kwa rafiki mwingine, kijiji cha pili, ambako mradi haukufika. Miongoni mwao alikuwamo yule mtamba aliyekuwa amemwahidi shangazi kwa utunzaji wake.

Nilikwenda kumwona mwisho wa masika, na sukari kilo tano, kana kwamba sukari inafuta kitu. Wajukuu walikuwa wanakunywa chai ya rangi. Mezani palikuwa na fungu la mchicha mzuri kutoka bwawani. Mzee humletea kila Jumamosi, kwa ujirani mwema. Nilianza kuomba msamaha, nikajikuta naeleza utaratibu.

Shangazi alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akanisindikiza, polepole kwa fimbo yake, mpaka penye zizi. Lango lilikuwa wazi, na kuku walikuwa wanaparuaparua samadi kavu.

"Utakaa muda gani tena bila kuja?" aliuliza.

Nikamwambia nitajitahidi kuja mwezi ujao.

"Njoo," alisema. "Siku hizi unaweza kuja hata asubuhi."