Hina ya Mfiwa

Mwaka 1999, nikiwa na miaka thelathini na nne, mume wangu alifia hapa Johannesburg, na shida zangu zikaanzia hapo. Nilikaa eda miezi minne na siku kumi katika chumba cha kupanga Doornfontein, cherehani imefunikwa shuka, wateja wanahamia kwa mafundi Wakongo wa ghorofa ya chini. Shule niliiacha darasa la tatu, Tanga. Siombi huruma, nataka ujue nilipotokea.

Eda ilipokwisha, jirani akanipeleka kwenye kazi ya runinga. Kazi yenyewe kupita. Miaka sita nilipita nyuma ya waigizaji, mara na ndoo, mara na mtoto wa kuazima, mara na kuku. Kuku alionekana uso, mimi mgongo.

Halafu simu ikalia: wanamtaka Mswahili wa kusema. Kusema! Enzi hizo runinga ya huku haikujua hata kama tupo. Waliniletea ukurasa mmoja tu, wenye maneno yangu. Binti yangu, aliyezaliwa hukuhuku, akanisomea.

"Mama, unasema: Karibuni ndani, msisimame mlangoni, chakula kipo. Basi."

"Nasemea wapi?"

"Nyumbani kwako. Watu wengi wamekuja."

"Mwanangu, hiyo harusi!"

"Haijaandikwa, Mama."

"Wewe wa huku utajua nini? Watu wamejaa mlangoni, chakula kipo. Harusi hiyo!"

Nikakimbilia Rosettenville kwa msusi Mzanzibari, akanichora hina maua mpaka viwikoni. Nilirudi mikono juu kama mwizi aliyekamatwa, isiguse kitu. Furaha niliyokuwa nayo, hata ndoa yangu sikuifurahia hivyo.

Asubuhi nikafika Soweto, kwenye nyumba waliyoikodi. Nakuta mkeka, wanawake wamejitanda, hakuna hata ua moja. Mwongozaji alikuwa kijana wa palepale.

"Bibi harusi yuko wapi?" nikamwuliza.

"Harusi gani, Mama? Mumeo amekufa. Wewe ndiye mjane."

Nikamwonyesha mikono.

"Eish, mizuri! Kamera itaipenda."

"Mfiwa hajipambi! Watu wa pwani mji mzima watatazama. Watasema nimemwua mwenyewe!"

"Nani atajua, Mama?"

"Asiyejua ni wewe!"

Akachoka. "Unasema, au nimpe mwingine?" Akamtazama mwanamke aliyeshika ndoo pembeni. Ile ndoo naijua uzito wake. Na hina haitoki kwa sabuni wala kwa dua.

Karatasi zao zilitaka nisimame mlangoni na sinia, niwapakulie wageni. Nikamwambia, "Mwanangu, mimi eda nimeikaa. Mfiwa hapakui, anapakuliwa. Hasimami mlangoni. Niweke mkekani nijitande kanga, mikono ndani, na huyo mwenye ndoo ndiye agawe chakula. Mara moja tu. Nikiharibu, mpe yeye maneno."

Akakubali, kwa kunikomoa nadhani. Nikakaa. Maneno yaleyale niliyoyafanyia mazoezi kwa vigelegele nikayasema kwa sauti ya chini, uso mkekani, kama nilivyowakaribisha wageni wangu kule Doornfontein. Nikamaliza. Mwenye ndoo alikuwa analia kweli, sinia mkononi.

"Sharp, Mama," mwongozaji akasema. "Safi kabisa." Kisha akasogea. "Na nini kingine tumekosea?"

Uwii! Nikaanza na viatu juu ya mkeka, nikaja kwa wanaume waliochanganywa na wanawake, na mpaka mchana sijamaliza. Wao wanaandika, mimi wa darasa la tatu nasema!

Tangu siku hiyo wakitaka Mswahili wananiita mimi, nimwigize, nimvishe, niwasahihishe. Jina langu hulijui, na barabarani hunijui. Si kitu. Leo nina nyumba ya vyumba vitatu Rosettenville. Cherehani nne. Bakkie nyeupe ya kubebea mizigo. Chumba kizima cha kanga, kanzu na mabuibui ya kukodisha kwa watengeneza filamu. Makochi mapya. Runinga moja, kubwa.