Viraka vya Kaki

Kahawa ikishauzwa na ada za shule zikishalipwa, Mbinga hukauka noti. Watu wana mahindi na wana mikono yao, lakini hela hakuna. Mwaka ule nilikuwa na magauni matano yaliyokwisha kushonwa, wenyewe hawana cha kuyachukulia. Jirani yangu wa mashine ya kusaga alishinda amekaa kwenye benchi. Yule mama anayetuletea usipa, vile vidagaa vya ziwani, alirudi Lituhi na gunia lake vilevile.

Ndipo tukakubaliana, wafanyabiashara kumi na wawili wa soko moja. Nilikata vipande vya kaki vilivyobaki kwenye sare za shule, nikavipiga zigizaga mbili za uzi wa kijani ili mtu asiviige. Kiraka kimoja, elfu moja. Msagaji alikula nacho kwa mama ntilie, mama ntilie akanunulia usipa, mama wa usipa akaja kwangu kushonesha sare ya mjukuu wake. Miezi mitatu soko lilichangamka bila noti.

Mwenye duka la jumla alitaka kuingia. Tukamkatalia, maana mali yake inatoka Dar, na kiraka kikiingia kwake hakitoki.

"Sawa, dada," aliniambia akitabasamu. "Tutaonana."

Wiki iliyofuata alikuja bwana mmoja wa ofisini, na mgambo nyuma yake. Akasimama katikati ya soko, kiraka kiko mkononi.

"Nani anatengeneza pesa hizi za bandia?"

Akamgeukia msagaji.

"Mimi navisikia tu, mheshimiwa," msagaji akasema. Asubuhi ileile nilikuwa nimempa viwili, viko mfukoni mwa shati lake. Mama ntilie akainamia sufuria. Mmoja mmoja walikana, watu niliokaa nao kikao na kucheka nao.

Mama wa usipa ndiye aliyefungua pindo la khanga. Alikuwa ametoka kuuza gunia zima.

"Ninavyo mimi," akasema. "Nimeuzia usipa wangu. Kosa liko wapi, baba?"

Mgambo akavikwapua vyote.

"Nimevishona mimi," nikapaza sauti. "Mwacheni mama wa watu."

Nikapelekwa mimi ofisini kwake. Nikafokewa mpaka alasiri, nikaandika maelezo, nikaachiwa. Viraka vilichomwa nyuma ya soko, na gunia la usipa likaenda bure.

Mwenye duka aliyetuchongea simshangai, alitaka biashara yetu na alisema waziwazi. Waliounguza moyo wangu ni wale kumi. Nilianza na msagaji.

"Kwa nini ulimwacha mama peke yake?"

"Dada, mimi nina watoto."

"Na yeye ana nini? Mbuzi?"

Nilipita kila meza. Sikuomba, nilidai: aliyekula usipa ule atoe alichonacho. Wengine walitoa huku wamenuna. Mmoja alinifungia mlango, na mpaka leo simsalimii. Nilipata unga, sabuni na mafuta ya kula. Nikaongeza vitenge viwili, nikapanda gari la Lituhi kupitia Kitai, kwa hasira hata nauli nilimtupia kondakta.

Nilimkuta anaanua usipa mchangani.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Walikuumiza?"

"Hapana."

Nikashusha mizigo. Aliipokea mmoja mmoja, akashukuru, akanipa ugali na samaki. Nilipomaliza kula akasema bila kupandisha sauti:

"Waambie wa huko juu Mbinga, usipa wangu sasa ni kwa noti tu."

"Hata mimi, mama?"

Akakusanya vyombo.

"Hata wewe, mwanangu."

Njia nzima ya kurudi nilitafuta mahali alipokosea, sikupaona. Mwaka huu noti zimekauka tena, msagaji yuko kwenye benchi lake. Juzi alikuja kuniuliza, kwa upole, kama bado nina vile vipande vya kaki. Nilimwonyesha mlango.