Fundi wa Mandewa Aliyerudi Kiomboi

Nilipigiwa simu kabla sijanywa hata chai: fundi kompyuta wa Mandewa, hapa Singida, amefariki. Nikasema poleni, nikabaki nimekaa kitandani. Wasomaji wangu, nimechoka kuzika. Hatukuwa watu wa kutembeleana. Alinitengenezea kompyuta na kunigombeza, basi. Alikuwa mbishi, na alipenda kusifiwa.

Niliwahi kumpeleka Kiomboi kwa shangazi yangu, mwalimu mstaafu aliyelazwa kitandani na maradhi ya mgongo. Alikuwa akiwaandikia wajukuu hadithi za Kinyiramba alizosimuliwa na mama yake, kompyuta ikiwa juu ya blanketi. Mtu akamwekea upya mfumo wa kuendesha kompyuta, na tachipadi, kile kibao cha kusogezea mshale kwa kidole, ikafa. Kila fundi alimwambia anunue kipanya. Kipanya kitembee wapi, kwenye blanketi? Shangazi aliogopa kufa hadithi zikiwa nusu, na alisema hivyo waziwazi.

Fundi wetu akasoma jina la kampuni kwenye mfuniko, akaweka draiva ya kampuni hiyo, yaani programu ya kuielewanisha kompyuta na kibao. Mshale ukasogea, tukaaga. Hatujafika Singida, shangazi akapiga simu: umeganda tena.

Kesho yake fundi akapanda basi kurudi, nami nikamfuata huku nikinung'unika. Safari hii alifungua orodha ya vifaa ndani ya kompyuta, akasoma kitambulisho cha kibao chenyewe, msururu wa herufi na tarakimu. Kumbe kibao kilitolewa kwenye mashine nyingine. Mitumba yetu imeshapandikizwa viungo vya kila namna. Akatafuta draiva kwa kitambulisho hicho, kwa bando lake la intaneti, mshale ukatulia.

"Nisamehe mama, jana nilisoma mfuniko tu."

"Yameisha, baba. Wenzako hawakurudi."

Nchi hii tunasomana mifuniko: jina la mtu, kabila lake, cheti chake. Tukishakosea, tunazima simu. Na mimi nimechoka na kazi za kulipua, za bora liende, kuanzia barabara hadi hati za viwanja.

Shangazi hakuweza kuja msibani. Alinituma nimwambie mjane kwamba hadithi zimekamilika na wajukuu wanazisoma. Mjane akaniuliza hadithi gani. Marehemu hakuwahi kumweleza. Nikamsimulia, akalia, nami nikalia. Ukikosea, rudi wakati mwenye shida bado yupo wa kukufungulia mlango.